Sifuri Iliyopotea: Uchambuzi wa Ndoto ya Mlima Pelée na Nadharia Iliyozaliwa Nayo

Mwaka 1902, siku za mwisho za Vita vya Makaburu, kikosi cha askari wa Kiingereza wapanda farasi kilipiga kambi karibu na magofu ya mji wa Lindley, katika nchi iliyokuwa ikiitwa Orange Free State, huko Afrika Kusini. Walikuwa wametoka msafarani. Barua na magazeti viliwafikia kwa nadra. Kambini humo alikuwemo afisa kijana wa miaka 26, John William Dunne, na usiku mmoja akaota.

Aliota amesimama kwenye mteremko wa mlima. Ardhi ilikuwa nyeupe isivyo kawaida, na katika nyufa ndogondogo mvuke ulikuwa ukifoka kwenda juu. Ndani ya ndoto alikitambua kisiwa kile. Alikwisha kukiota kabla, na alijua kuwa kiko hatarini kulipuka. Akaikumbuka Krakatoa, ile volkano ya mwaka 1883 ambayo mawe yake mepesi yalielea, yakavuka Bahari ya Hindi hadi kufika pwani ya Afrika Mashariki. Hofu ikamshika, na juu ya hofu ikaja haja moja tu: kuwaokoa wakazi 4,000 wa kisiwa kile. Hapo ndoto ikageuka jinamizi. Akajikuta kisiwa cha jirani, akiwasihi maofisa wa Kifaransa watoe vyombo vya kuvusha watu. Kila aliyemwendea alimtuma kwa mwingine. Mwisho akawa ameng'ang'ania vichwa vya farasi waliokuwa wakivuta gari la meya. Meya alikuwa anakwenda kula chakula cha jioni, akamwambia arudi kesho, ofisi ikifunguliwa. Dunne akaamka akipiga kelele kwamba watu 4,000 watakufa.

Magazeti yalipofika, alifungua Daily Telegraph. Humo akakuta habari ya Mlima Pelée, volkano ya Martinique, kisiwa cha Kifaransa katika bahari ya Karibi: mji umefagiliwa, meli ya Kiingereza imeungua, na idadi ya waliokufa imepigwa chapa pale juu. Akaisoma 4,000.

Nimekaa na kisa hiki kwa muda mrefu, wala si kwa udadisi mtupu. Pangani, jirani na shangazi yangu, yuko mama mmoja aliyempoteza mwanawe baharini. Usiku wa kabla ya msiba aliota jino limemng'oka, na pwani kila mtu anajua jino kung'oka ndotoni linatajwa kuwa dalili ya nini. Miaka yote tangu hapo mama huyu amebeba mzigo usio wake: kwamba alipewa habari, akanyamaza. Mara ya kwanza nilipomsikia akisimulia nilitaka kumwambia kuwa ndoto ni ndoto tu. Nashukuru sikumwambia hivyo. Mtu aliyebeba mzigo wa namna hiyo anastahili jibu lililofanyiwa kazi, na kazi hiyo nimeona niianzie kwa Dunne, kwa sababu yeye aliuchukua mshangao uleule wa mama wa Pangani akaujengea nadharia nzima ya ndoto, fahamu na uhalisia, akaiweka wazi watu waipime.

Kwanza tujue ni mtu wa aina gani. Dunne, aliyezaliwa Ireland mwaka 1875, mtoto wa jenerali, hakuwa mpiga ramli wala muuza miujiza. Alikuwa mhandisi, na mhandisi hodari. Alibuni ndege zisizo na mkia, mabawa yake yamerudi nyuma kama mshale, na mwaka 1907 jeshi likamficha Blair Atholl, Scotland, azijaribu kwa siri. Mwaka 1910, huko Eastchurch, aliruka na ndege yake, akaachia mikono na kuandika maandishi kwenye karatasi huku ndege ikijiendea yenyewe sawasawa. Miongoni mwa mashahidi alikuwepo Orville Wright, mmoja wa wale ndugu wawili waliorusha ndege ya kwanza yenye injini. Mtu wa namna hiyo anajua kwamba hesabu ikikosewa, chombo kinaanguka. Kwa hiyo anapotwambia ameona kitu cha ajabu, haki yake ni kusikilizwa, kisha kukaguliwa kama alivyozoea kukagua mabawa.

Ndoto ya Lindley haikuwa ya kwanza. Alikwisha kuota akibishana na mhudumu wa hoteli juu ya saa, akaamka akakuta saa yake imesimama palepale aliposema ndotoni. Mwaka 1901, akiwa Alassio, Italia, anapata nafuu baada ya kurudishwa kutoka vitani, aliota yuko karibu na Fashoda kwenye mto Nile, akakutana na wazungu watatu wenye nguo zilizochakaa na nyuso zilizoungua jua, wametokea kusini. Asubuhi yake gazeti likaandika kuwa msafara uliotoka Cape, Afrika Kusini, umefika Khartoum. Lakini ya Pelée ndiyo iliyompa ufunguo, na ufunguo wenyewe ulikuwa kosa.

Lile gazeti halikuandika 4,000. Liliandika 40,000. Dunne alilisoma kwa haraka, akaipoteza sifuri moja, na kwa miaka mingi kila alipokisimulia kisa alisema gazeti limeandika 4,000. Aligundua kosa miaka 15 baadaye, alipokaa kuinakili habari ile kwa mkono wake. Nayo hesabu ya kweli haikuwa 4,000 wala 40,000: waliokufa katika mji ule, Saint-Pierre, na vijiji vyake wanakadiriwa kuwa 28,000 hivi.

Hapa Dunne alifanya jambo ambalo wasimuliaji wengi wa ndoto hawalifanyi, nami namheshimu kwalo. Hakuificha sifuri. Aliichapisha katika kitabu chake cha mwaka 1927, An Experiment with Time, akaiweka katikati ya hoja. Alisema: ikiwa ndoto yangu imesema 4,000 na mlima umeua idadi nyingine kabisa, basi sikuuona mlima. Hakuna roho iliyoruka hadi Martinique, wala marehemu aliyenijia na habari. Nilichokiona ndotoni ni tukio langu mwenyewe la siku za mbele, yaani mimi nimeketi kambini nasoma gazeti na kukosea kusoma. Ndoto zangu, alisema, ni ndoto za kawaida kama za watu wote, zimeumbwa na vipande vya mambo ninayoyapitia. Ila vipande vingine vimetoka upande wa kesho badala ya jana.

Ni hoja yenye akili. Nilipoisoma mara ya kwanza niliifunga kurasa nikatoka nje kutembea. Inaondoa mashetani, inaondoa jicho la tatu, na inabaki na jambo moja tu la kushangaza badala ya kumi.

Kisha akauliza: ikiwa jambo la kesho linaweza kuingia katika ndoto ya leo, kesho iko wapi sasa hivi? Jibu lake likawa nadharia aliyoiita Serialism. Mimi nitaiita nadharia ya tabaka. Inakwenda hivi. Sisi husema wakati unapita. Lakini kitu chochote kinachopita hupita kwa mwendo fulani, na mwendo hupimwa kwa wakati. Basi wakati wenyewe unapita kwa mwendo gani? Ili ujibu unahitaji wakati wa pili, wa kupimia kupita kwa huu wa kwanza. Na wa pili nao, kama unapita, unadai wa tatu. Kila tabaka la wakati lina mtazamaji wake. Mtazamaji wa kwanza ni huyu wa mchana, fahamu iliyofungwa kwenye sasa, inayoona maisha kupitia tundu jembamba kama mtu anayechungulia barabara kwenye ufa wa mlango. Mtazamaji wa pili anaiona barabara yote, jana na kesho zikiwa zimelala pamoja, lakini mchana anafuata macho ya yule wa kwanza kwa mazoea. Usiku wa kwanza akilala, wa pili anabaki bila kiongozi. Macho yake yanatangatanga juu ya barabara yote, anaokota picha huku na huku na kuzishona ovyo. Hiyo ndiyo ndoto. Na kwa kuwa kifo ni mwisho wa barabara ya kwanza tu, Dunne alihitimisha kuwa mtazamaji wa juu hafi.

Mwaka 1934, katika kitabu kingine, alitumia mfano wa mchoraji anayetaka kuuchora ulimwengu wote. Anachora mandhari iliyo mbele yake, kisha anatambua amejisahau yeye mwenyewe. Anachukua turubai kubwa zaidi na kujichora akiwa anachora. Lakini aliyemchora huyo mchoraji hayumo. Turubai ya tatu. Ya nne. Hana mwisho. Yeyote aliyewahi kujaribu kuitazama fahamu yake mwenyewe, akakuta daima kuna anayetazama nyuma ya kinachotazamwa, anajua mfano huu umegusa kitu cha kweli.

Sasa turudi Lindley tukague msingi, maana ghorofa ni refu na msingi ni usiku mmoja.

Swali la kwanza la kumuuliza msimuliaji yeyote wa ndoto ya namna hii ni dogo sana: uliiandika lini? Kisa cha Pelée tunakipokea kutoka kwenye kumbukumbu. Hakuna daftari la asubuhi ile lenye tarehe na namba 4,000 kabla gazeti halijafunguliwa. Mlima ulilipuka tarehe 8 Mei 1902. Gazeti la London lilihitaji kuvuka bahari kwa meli, kisha kulifuata jeshi hadi Lindley. Katika siku zote hizo za kungoja, ndoto ilikuwa kichwani mwa mtu mmoja tu.

Swali la pili ndilo lililonifanya niandike. Tuitazame sifuri tena, maana naamini Dunne aliishika kwa upande usio wake. Yeye aliona kwamba ndoto imefanana na kosa lake la kusoma, akasema basi ndoto imelitoa kosa kutoka kesho. Lakini sifuri inatuambia kwanza jambo jingine, tena jambo lisilohitaji wakati wa pili wala wa tatu. Inatuambia kwamba mtu makini, mhandisi, alishika mkononi karatasi iliyopigwa chapa kwa wino, akaondoka na namba isiyo sahihi, akaisimulia kwa miaka 15 bila shaka yoyote. Kilichomsahihisha si kumbukumbu, ni karatasi. Kama wino haukuweza kubaki salama kichwani mwake, ndoto ingebakije? Ndoto haina karatasi ya kurudia. Ikiwa usiku ule aliota mlima, moshi na watu wengi wasiosikia onyo, halafu siku moja gazeti likampa namba, hakuna kitu duniani cha kuizuia namba kurudi nyuma ikaketi ndani ya ndoto. Na ikishaketi, mwenyewe hawezi kuihisi kuwa ni mgeni. Ataapa. Ataapa kwa moyo safi, na hatakuwa amesema uwongo.

Kwa hiyo mfanano uleule aliouona kuwa ushahidi wa kesho kuingia katika jana, ndio ningeutarajia kama ni kumbukumbu iliyojiandika upya. Namba ya ndoto na namba iliyosomwa zimefanana hata katika kosa kwa sababu pengine zote mbili zimetoka kwenye usomaji mmoja. Mwanasaikolojia wa Cambridge, Frederic Bartlett, alionyesha mwaka 1932 jinsi watu wanavyosimulia upya hadithi waliyoisoma: wanaacha yasiyoingia akilini, wanaongeza ya kuunganisha, na kila mara wanaamini wanaikumbuka hadithi ileile. Alitumia hadithi ya mchana, iliyosomwa kwa utulivu. Ndoto ni tepetepe zaidi. Wengi wetu tukishanawa uso tu imeshatoweka.

Nimtendee haki. Dunne mwenyewe aliliwaza hili. Alijiuliza kama huenda hakuota kabisa, ila kusoma gazeti ndiko kulikomfanya adhani ameota. Aliliweka kando kwa sababu baadaye alipata ndoto alizowasimulia ndugu zake kabla ya tukio. Mojawapo ni ya mwaka 1913: aliota treni imeporomoka kwenye tuta karibu na daraja la Forth, Scotland, akamweleza dada yake. Tarehe 14 Aprili 1914 treni mashuhuri, Flying Scotsman, ilipata ajali Burntisland, si mbali na daraja lile. Hii ina nguvu kuliko ya Pelée, kwa sababu kuna shahidi. Lakini tazama jinsi mlango ulivyopanuliwa: miezi kadhaa badala ya kesho, na treni kuacha reli ni jambo ambalo nchi ya Uingereza ya wakati ule ililijua vizuri. Ukiota ajali na ukampa ulimwengu miezi ya kukutafutia inayofanana, mara nyingi ataipata.

Hapo ndipo hesabu inapoingia, na sioni aibu kuileta msibani, kwa sababu imewahi kunifariji. Sensa ya mwaka 2022 ilihesabu Watanzania 61,741,120. Tuchukue watu wazima milioni 30 tu. Tuseme kila mmoja anaota kifo cha mtu wake wa karibu usiku mmoja kwa mwaka, na tuseme anafiwa na mtu wa karibu mara moja kila miaka mitano. Hizi ni namba za kukisia, kila mtu anaweza kuweka zake. Kwa bahati tupu, bila ujumbe wowote, watu zaidi ya 16,000 kwa mwaka wataota kifo usiku na kufiwa siku inayofuata. Ni watu 45 kila siku. Kila mmoja wao atasimulia hadi mwisho wa maisha yake, na atakuwa na haki ya kushangaa. Wale mamilioni walioota kifo na asubuhi simu isilie, hawana cha kusimulia. Wamekunywa chai wakaenda kazini.

Ghorofa ya nadharia nayo ina ufa wake, mbali na msingi. Mwanafalsafa C. D. Broad aliukagua katikati ya miaka ya 1930, akaona kwamba hata kama mtu atakubali ndoto zote za Dunne, haziwezi kudai ngazi isiyo na mwisho. Tabaka chache zingetosha. Mimi naona kosa liko mapema zaidi, kwenye neno kupita. Jahazi linapita mbele ya mnara; mnara umesimama, jahazi linasogea, saa inapima. Tunasema pia wakati unapita, lakini hakuna mnara wala bahari pale. Kuuliza unapita kwa mwendo gani ni kama kuuliza kesho iko kilomita ngapi kutoka hapa. Sentensi imekaa vizuri mdomoni, lakini haijaomba kitu kinachoweza kujibiwa, na Dunne aliijibu kwa kuongeza turubai. Ngazi nzima ya watazamaji imesimama juu ya tamathali ya usemi.

Hata hivyo kuna sehemu ya kazi yake ninayoitetea, nayo ni jaribio lenyewe. Alimwambia msomaji: weka daftari na penseli chini ya mto. Ukiamka usifumbue macho kwanza, ishike ndoto, kisha iandike mara moja na kwa undani, hasa vitu vidogo. Jioni isome tena uilinganishe na siku iliyopita na zinazofuata, kwa kipimo kilekile. Mwaka 1932 Society for Psychical Research, chama cha London cha kuchunguza mambo ya namna hii, kilimsaidia kulirudia jaribio na watu wengine, na yeye na msimamizi wake, Theodore Besterman, hawakukubaliana matokeo yamesema nini. Vladimir Nabokov, mwandishi aliyekuwa akiishi hotelini Montreux, Uswisi, alilianza tarehe 14 Oktoba 1964, akiandika kila asubuhi kwenye kadi ndogo.

Nami nimelifanya, miezi mitatu. Daftari la kurasa za mistari, kalamu ya risasi kwa sababu wino hukauka usiku. Nilipata kile ambacho Dunne alisema nitapata: siku mbili nilikurupuka nikisema, hiki nimekiota! Mara ya kwanza ilikuwa gari la wagonjwa limesimama mlangoni kwa jirani. Nilikuwa na hakika kabisa. Niliona mwili wangu ukisisimka. Nilifungua daftari nikakuta nimeandika kwa mwandiko wangu: gari jeupe, mizigo juu, watu wanaimba. Harusi. Nilikuwa nimeota gari la harusi, na jioni ile, kabla sijafungua daftari, ningeapa kwa Mungu kwamba niliota gari la wagonjwa. Mara ya pili ilikuwa jina la mtu. Daftarini halimo kabisa. Tangu siku hiyo sijamcheka mtu anayesimulia ndoto iliyotimia. Najua jinsi hakika ile inavyokaa kifuani.

Sisi wa pwani tumelelewa na mazungumzo haya, na hata mafunzo ya dini yana nafasi kwa ndoto njema. Waislamu wanaijua hadithi inayosema kuwa ni sehemu moja katika sehemu 46 za utume. Simo katika kubishana na imani ya mtu. Mwenye kuamini kuwa Mungu humpelekea mja wake bishara hahitaji nadharia ya Dunne, na nadharia ya Dunne haimsaidii, maana yenyewe inasema ndoto haina mtumaji. Kinachonigusa ni mzigo, kile kilio cha Dunne ndotoni akivuta hatamu za farasi wa meya.

Maana huko Martinique kwenyewe, macho yakiwa wazi, mambo yalikuwaje? Mlima Pelée ulianza kutoa mvuke na majivu wiki kadhaa kabla. Majivu yalianguka Saint-Pierre kama theluji; hewa ikanuka kiberiti; nyoka wakali wa kichakani wakashuka kwenye makazi. Tarehe 5 Mei tope la moto liliteremka likakifunika kiwanda cha sukari cha Guérin pamoja na wafanyakazi wake. Gazeti la mji, Les Colonies, liliendelea kuwatuliza watu. Uchaguzi ulikuwa umepangwa tarehe 11. Gavana Louis Mouttet aliunda tume, nayo tarehe 7 ikaona mji hauko katika hatari, na gavana mwenyewe akaja na mkewe kukaa. Watu wa vijijini waliokuwa wakikimbia majivu wakamiminika mjini badala ya kutoka. Asubuhi ya tarehe 8, Sikukuu ya Kupaa, karibu saa mbili, wingu la gesi na majivu ya moto liliporomoka ubavuni mwa mlima likaufunika mji kwa muda mfupi mno wa mtu kukimbia. Gavana, mkewe na wanatume waliokuwa mjini wakafa. Mmoja wa wachache mno waliopona ni mfungwa aliyekuwa kwenye seli yenye kuta nene.

Onyo lilikuwepo kwa wiki mbili, linaonekana, linanuka, linaua. Halikukosa mwotaji. Nimelitafakari sana hili mbele ya ile picha ya meya anayekwenda kula: Dunne aliiona ndotoni, au aliijaza baadaye, lakini hakuna haja ya ndoto kumjua meya wa aina hiyo.

Nilirudi Pangani mwezi uliopita. Nilimwamkia yule mama, akanikaribisha mkekani, tukaongea ya mvua na ya nazi. Kisha nikamwuliza, kwa upole kadiri nilivyoweza, ndoto ile ya jino alimsimulia nani kwanza, na lini. Alifikiri. Akasema alimsimulia dada yake, wakiwa wameketi tanga. Nikamwuliza kama kabla ya msiba aliwahi kuota jino. Akasema, mwanangu, mimi nimeota meno tangu msichana.

Sikumwambia kuwa ndoto yake haikuwa kitu. Nilimsimulia Saint-Pierre, majivu na nyoka na kiwanda, na gavana aliyemleta mkewe. Alisikiliza mpaka mwisho, mkono shavuni. Akaniuliza hao watu wa vijijini walioingia mjini, nao walikuwa wameambiwa? Nikamjibu, mama, mlima waliuona.

Akanyamaza kwa muda. Kisha akaanza kunieleza siku ile ya mwanawe, na kwa mara ya kwanza hakuanzia kwenye jino. Alianzia kwenye upepo wa kusi uliovuma siku mbili mfululizo, na wazee waliokuwa wamepandisha vyombo vyao mchangani, na mkopo wa mashine ya boti uliokuwa unadaiwa wiki ile. "Hata ningemwambia nimeota," akasema, "angekwenda."